Sauti Juu ya Picha Mbovu: Usimulizi wa Filamu za Michezo ya Hatari Kitengela na Kajiado

Wahakiki wetu wamezoea kuitazama filamu iliyotiwa Kiswahili kama tunda lililooza pande mbili: picha yake ni mbovu, na maneno yake si tafsiri. Hukumu hizo hutolewa mbalimbali, ya kwanza na mafundi, ya pili na watu wa lugha, na kila upande huridhika kwamba hapana haja ya kusema zaidi. Madhumuni ya makala haya ni kuonyesha kwamba hukumu hizo mbili hazitenganiki. Ubovu wa picha na wingi wa maneno vimekua pamoja katika banda moja, na asiyejua jinsi picha ilivyoharibika hawezi kueleza kwa nini msimulizi anasema anayoyasema. Nimechagua filamu za michezo ya hatari, yaani kuruka kwa mwavuli kutoka madarajani, kuteleza juu ya theluji na kupanda mawimbi kwa ubao, kwa sababu humo jambo hili huonekana waziwazi kuliko katika filamu za masumbwi au za bunduki.

Kwanza istilahi. Kutia sauti, kwa maana ya watengenezaji wa filamu, ni kuiondoa sauti ya kila mwigizaji na kuweka mahali pake sauti ya mwigizaji mwingine, kinywa kwa kinywa. Yanayouzwa madukani kwetu kwa jina la filamu za Kiswahili siyo hayo. Humo mtu mmoja husema juu ya filamu nzima. Sauti ya asili hupunguzwa anaposema na kurudishwa anaponyamaza. Naye huwa mara mkalimani, mara mtambaji wa hadithi, mara mtangazaji wa mpira, mara shabiki tu. Nitamwita msimulizi. Nchini Kenya jina lililovuma zaidi katika kazi hii ni DJ Afro. Dar es Salaam alivuma Lufufu, ambaye sanaa yake imechunguzwa na Matthias Krings katika kitabu African Appropriations (2015). Na Uganda VJ Jingo ameifanya kazi hiyo kwa Kiluganda. Wala si jambo la Afrika Mashariki peke yake. Wajapani, zama za filamu zisizo na sauti, walikuwa na wasimulizi walioitwa benshi, na baadhi yao walipendwa kuliko waigizaji wenyewe. Tofauti ni kwamba benshi alisimulia picha safi isiyo na sauti, na msimulizi wetu husimulia picha yenye sauti lakini isiyo safi.

Nakala nilizozitumia zimetoka Kitengela na mji wa Kajiado, miji miwili ya barabara ya Namanga iliyoachana kwa yapata kilomita 50. Watazamaji wa Kitengela ni mchanganyiko: wafanyakazi wa viwanda vya Athi River, wapangaji waliotoka kila pembe ya nchi, na wenyeji Wamaasai ambao malisho yao yamekatwa viwanja. Kajiado, mji ambao reli ya Magadi hupita, Kimaa husikika zaidi. Kote kuwili Kiswahili ni lugha ya kukutania. Wengi hawakuzaliwa nayo. Kiingereza cha Vin Diesel, kitokacho kifuani kama lori linalopanda mlima kwa gia ya kwanza, huwapita hata waliosoma. Katika nakala zangu jina la msimulizi halikuandikwa popote, wala sauti yake siitambui kuwa ya yeyote kati ya mashuhuri niliowataja. Kwa hiyo nitamhakiki bila jina, kama tunavyohakiki ngano.

Sasa juu ya picha, ambayo watu wa lugha huipita upesi. Kabla ya flashi na simu, filamu nyingi ziliingia mabandani kwa diski ya VCD, iliyowekewa kanuni zake mwaka 1993. Diski hiyo hubeba dakika 74 hivi, ndiyo maana filamu ya saa mbili ilikatwa vipande viwili. Picha yake ina pikseli 352 kwa 288. Filamu pana ya Hollywood ikiingizwa humo pamoja na mikanda myeusi ya juu na chini, hubakiwa na mistari ipatayo 163 tu ya picha yenyewe. Tena diski huruhusu kilobiti 1,150 za picha kwa kila sekunde, na sekunde moja ina picha 25. Kwa hiyo kila picha, kwa wastani, hupata kilobiti 46, kiasi ambacho hakitoshi kabisa picha nzima. Ili zitoshe, chombo cha kusimba hufanya kama karani wa mkutano anayeandika muhtasari. Huandika picha moja kwa ukamilifu, kisha katika zinazofuata hueleza mabadiliko tu: kipande hiki kimesogea kushoto, kile kimebaki pale pale. Watu wawili wakikaa mezani wakizungumza, karani hana kazi. Midomo tu ndiyo inayobadilika. Lakini theluji ikiporomoka mlimani, au wimbi likivunjika, kila nukta ya picha hubadilika kwa wakati mmoja na hakuna kipande kilichosogea kizima, huku posho ya karani ikibaki ile ile. Hapo hulemewa, na badala ya theluji tunaona miraba.

Ni dhahiri basi kwamba ubanaji huu haukuziumiza filamu zote sawasawa. Tamthilia ya sebuleni ilipona. Filamu ya michezo ya hatari iliumizwa pale pale ilipokuwa na thamani: povu, vumbi, majani yanayopita kwa kasi, mwili mdogo wa binadamu mbele ya kitu kikubwa kinachokwenda. Mtazamaji aliona vizuri maelezo ya kazi ofisini, asiyoyaelewa kwa kuwa ni Kiingereza, na hakuona vizuri mruko ambao aliulipia. Msimulizi alirithi kasoro mbili, na kwa pumzi moja ilimbidi azizibe zote.

Tuchukue xXx ya mwaka 2002, iliyoongozwa na Rob Cohen. Mwanzoni Xander Cage analiiba gari la seneta, analirusha kutoka darajani, naye anajitupa nalo, kisha anafungua mwavuli. Tukio hilo lilipigwa picha katika daraja la Foresthill, California, lililo yapata mita 222 juu ya mto. Katika nakala ya Kajiado mto hauonekani. Miti ya bondeni imegeuka vitambaa vya kijani na kahawia vinavyotetemeka. Gari laonekana likishuka, lakini halijulikani linashuka kutoka wapi hadi wapi. Tukio ambalo maana yake yote ni kimo limepotezewa kimo. Msimulizi hapa hasemi kwamba daraja ni refu sana, kama ambavyo angesema msimulizi dhaifu. Anamwambia mtazamaji apandishe jumba la KICC juu ya jumba lingine la KICC, ndipo asimame kileleni. KICC ina mita 105. Kwa kujua au kwa kubahatisha amekosea kwa mita 12 tu, na amewapa watu wa barabara ya Namanga, ambao wengi wao wameliona jumba hilo wakiingia Nairobi, kipimo ambacho picha yenyewe haikuweza kuwapa. (Daraja na jumba hilo, kwa sadfa, vyote vilimalizika mwaka 1973.)

Katika tukio hilo hilo kuna jambo litakalowaudhi wapenda tafsiri. Katika filamu, seneta anaadhibiwa kwa kuwa anataka kupiga marufuku muziki wa rapu na michezo ya video. Msimulizi ameitupa sababu hiyo pamoja na gari. Kwake yeye seneta ni mheshimiwa aliyenyakua ardhi. Ni uongo, kama tukiupima kwa Kiingereza cha filamu. Lakini kisa cha asili kingeonekana Kitengela kuwa ugomvi wa watoto, na mtu anayehatarisha maisha kwa ugomvi wa watoto ni mpumbavu, si shujaa. Hapa tunagusa ugumu mkubwa wa maudhui haya. Kiswahili husema usichezee hatari. Kuita hatari mchezo ni kuyagonganisha maneno mawili. Mtu aliyeshiba anayejitupa darajani kwa raha zake ni kiumbe asiye na jina katika lugha yetu. Watazamaji wa Kajiado wana njia yao ya kumfahamu. Zamani morani alithibitisha uanaume wake kwa kumkabili simba, na tangu mwaka 2012 mashindano ya Olimpiki ya Wamaasai huko Kimana, katika kaunti hiyo hiyo, yamewekwa makusudi ili kuruka, kukimbia na kutupa rungu kuchukue mahali pa uwindaji huo. Hatari yenye sababu inaeleweka. Msimulizi, kwa kumbandika seneta kosa la ardhi, ameutia mruko sababu. Sidai kwamba amefanya vema kwa filamu ya Cohen. Nadai kwamba amefanya kazi ya mtunzi, na kwamba tunapaswa kumhukumu kama mtunzi.

Mbele kidogo kuna maporomoko ya theluji, ambayo Xander anayaanzisha mwenyewe ili yawazike wanaomfukuza, kisha anayakimbia kwa ubao. Hakuna tukio lililoharibika kuliko hili. Kwa sekunde nyingi skrini nzima ni miraba ya kijivu, na shujaa ni alama nyeusi inayotoweka na kurudi. Msimulizi amepunguza sauti ya filamu ili asikike, kwa hiyo hata ngurumo ya mlima imepotea. Anachokifanya ni kuziita tanakali za sauti. Kiswahili kina hazina yake: majini mtu huanguka chubwi, topeni tapwi, mchangani tifu. Kwa theluji hatuna. Msimulizi amechagua tifu, na kuirudia, na kuiharakisha kadiri theluji inavyomkaribia shujaa, mpaka neno linakuwa mdundo. Kwa nini tifu na si neno la maji, hali theluji ni maji? Kwa sababu katika nakala hii theluji inafanana na vumbi, na vumbi la kiangazi Kajiado ni kitu kinachomfukuza mtu kweli. Weupe wa mbali wanaujua. Kilimanjaro huonekana kutoka huko, na kwa Kimaa huitwa Oldoinyo Oibor, mlima mweupe. Wasichokijua ni theluji inayokwenda. Neno limeteuliwa kwa macho ya hadhira na kwa hali halisi ya nakala, wala sioni mfasiri wa vitabu ambaye angethubutu kuliteua.

Mbinu hii haikuzuka mabandani. Wenye umri wa kutosha watakumbuka matangazo ya mpira ya redio, hasa ya marehemu Leonard Mambo Mbotela, aliyefariki mwaka 2025, ambaye sauti yake iliwafanya watu wasio na uwanja wauone uwanja. Mtangazaji wa redio aliwasemea wasioona kabisa. Msimulizi wa filamu huwasemea wanaoona nusu. Kutoka kwa huyo wa kwanza amerithi wakati uliopo, sentensi fupi, jina la mtendaji kutajwa kila baada ya hatua chache asije akapotea. Wanaolalamika kwamba Kiswahili chake kimejaa Sheng hawajasikiliza kwa makini. Katika nakala zangu Sheng iko katika mizaha na katika majina anayowapa watu. Vitenzi vya mwendo, ambavyo ndivyo uti wa mgongo wa usimulizi, ni vya Kiswahili ambacho mzee wa Lamu asingekikataa: anachupa, anaambaa, anapepesuka, anajirusha.

Point Break ya mwaka 1991, kazi ya Kathryn Bigelow, inampa msimulizi mtihani wa namna nyingine. Johnny Utah, mpelelezi, anajiunga na wapanda mawimbi ambao ni wezi wa benki, na anavutwa na kiongozi wao Bodhi. Baada ya mbio ndefu za miguu goti la Utah linamwangusha. Anamlenga Bodhi kwa bastola, Bodhi anageuka na kumtazama, na Utah anamaliza risasi zake hewani. Hakuna neno linalosemwa. Picha imetulia, karani wetu hana shida, nyuso zaonekana. Hapa msimulizi angeweza kunyamaza, na niliposikiliza mara ya kwanza nilitamani anyamaze. Badala yake anaeleza kwamba mtu hampigi risasi aliyekula naye chumvi. Ni maneno machache, kisha kweli ananyamaza, akaiacha sauti ya filamu irudi. Niliitazama sehemu hiyo Kajiado pamoja na vijana ambao nyumbani kwao wamefundishwa kwamba morani hali peke yake. Chakula bila mwenzake wa rika ni aibu. Hakuna aliyecheka, wala aliyeuliza kwa nini polisi amekosa shabaha. Filamu ya Bigelow inaliacha jambo hili wazi: ni mapenzi, au ni kustaajabia, au ni udhaifu? Msimulizi amechagua moja, nalo ni la undugu wa kula pamoja. Ameifinya maana, lakini ameifinya kuelekea mahali palipo na uzito.

Sitaki msomaji adhani kwamba nimempenda msimulizi mpaka nikafumba macho. Katika filamu hiyo hiyo Tyler, msichana anayemwokoa Utah baharini na kumfundisha kupanda mawimbi, amefanywa kuwa mpenzi tu. Mafunzo yake yanafunikwa kwa utani juu ya nywele zake fupi na mavazi yake, hata inaonekana kana kwamba Utah alijifunza mwenyewe. Hapo hakuna ubanaji wa kusingizia. Wawili hao wamekaa kwenye mchanga, picha ni safi, mazungumzo ni mepesi. Kosa ni la msimulizi, na athari yake si ndogo, maana baadaye Tyler anaposhikwa mateka mtazamaji wa Kiswahili hajui kwamba anayeshikwa ni mwalimu. Utani wa namna hii ni wa kawaida mno katika kazi hizi, na kuuita ladha ya mitaani ni kuutetea bure.

Tena hoja yangu ina mpaka, ambao niliugundua kwa filamu ya karibuni zaidi. xXx: Return of Xander Cage ya mwaka 2017 niliipata Kitengela ndani ya flashi, imesimbwa kwa H.264, kanuni iliyotoka mwaka 2003 na ambayo kwa posho ndogo hutoa picha bora zaidi. Mwanzoni Xander anateleza msituni kwa miti ya theluji isiyokuwa na theluji, kisha kwa ubao wa magurudumu barabarani, ili watu wa mtaa wake wapate kutazama mechi ya soka. Na sijui filamu nyingine ya Hollywood inayolikaribia banda letu la video kiasi hicho. Kila jani laonekana. Msimulizi, sauti nyingine hii, anasema vilevile kama yule wa zamani: anapita msituni, anaruka gogo, anainama. Maneno yaliyokuwa macho ya mtazamaji yamekuwa kelele mbele ya macho yake. Desturi imeishi kuliko sababu yake. Msimulizi wa leo akitaka kubaki na kazi, itambidi aache kueleza mwendo unaoonekana na ajikite katika yale picha haiwezi kuyasema hata ikiwa safi, kama ile chumvi ya Bodhi.

Yamebaki ya nakala, nayo ndiyo yanayonitia wasiwasi. Sauti ya msimulizi haikuwekwa kando. Imechanganywa na ya filamu katika mkondo mmoja, na mikono ilimopita huibana pamoja. Faili likinakiliwa jinsi lilivyo halipungui hata nukta. Linapobanwa upya, kutoka diski kwenda simu ndogo, kutoka simu kwenda umbo jingine, ndipo hupunguzwa, na kilichopunguzwa hakirudi. Kwa kuwa kazi hizi hufanywa bila idhini ya wenye filamu, duka haliwezi kuzitangaza wala maktaba haina jinsi nyepesi ya kuzipokea. Mashairi ya Muyaka yasingetufikia kama Mwalimu Sikujua wa Mombasa asingeyakusanya kutoka vinywani, na Taylor akayaandika. Wasimulizi wa filamu wamo katika hali ya Muyaka kabla ya Sikujua, isipokuwa kwamba wao wana mamia ya nakala, na kila mtu hudhani mwenzake ameziweka.

Nina nakala mbili za usimulizi mmoja wa Point Break: diski mbili za Kajiado, na faili la simu kutoka Kitengela, lenye picha ya pikseli 176 kwa 144 na sauti iliyosimbwa kama ya mazungumzo ya simu, ambayo hukata milio yote ya juu. Milio hiyo ndiyo inayotenganisha f na s. Utah anaporuka kutoka ndegeni bila mwavuli kumfuata Bodhi hewani, nakala ya simu inasema kwamba kwanza hakusikia. Nilijenga juu ya neno hilo maelezo marefu kuhusu upepo na upweke wa kuanguka. Kisha nikaisikiliza diski: hakufikia. Ulikuwa mkono uliopungukiwa, si sikio lililozibwa. Picha haikuweza kunisaidia katika nakala yoyote kati ya hizo mbili, kwani ndani ya buluu ile iliyokatika vipande watu wawili ni vijidoa viwili vinavyogusana na kuachana. Nililifuta nililoliandika.

Mwisho wa filamu, Bodhi anaingia katika bahari iliyochafuka huko Australia, na Utah anamwacha aende. Ni mawimbi matupu, kwa hiyo ni miraba mitupu, na ningependa sana kujua msimulizi yule aliyetaja chumvi alisema nini hapo. Diski ya pili imekwaruzika. Inakwama Utah anapofika ufukweni mvua ikinyesha, na faili la simu, ambalo bila shaka lilitolewa katika diski hiyo hiyo au katika dada yake, linakatika mahali pale pale.